Kuita Roho ya Aling

Juni 9, 1983

Mama amenitambua. Naanza na hilo kwa sababu ndilo nililoliogopa njia nzima, tangu boti ilipoondoka Jiaxing mpaka ilipofungwa kamba kwenye ngazi zetu za mawe. Alikuwa amekaa mlangoni akimenya maharage mabichi. Akainua macho, akasema, "Aju, umekonda. Huko Shanghai watu hawapiki?"

Nikacheka mpaka nikamwaga bakuli la maharage, naye akanigombeza kama mtoto. Nilikuwa nimejiandaa kwa mabaya zaidi. Dada Qiu, jirani yetu anayemwangalia, alinieleza kwamba tangu majira ya kuchipua Mama humwita kwa jina la mama yake Dada Qiu, marehemu, na humuuliza bei ya hariri.

Aju ni jina langu la utotoni na hakuna mwingine aliyebaki anayelitumia. Baba amekufa, shangazi zangu wamekufa, na marehemu mume wangu aliniita komredi tangu siku ya kwanza mpaka ya mwisho. Kwa wengine wote mimi ni Mwalimu Gu Peiyun, anayeandika vitabu vya watoto na kutunga filamu zao. Siku Mama atakapoacha kuniita Aju, sitakuwa Aju wa mtu yeyote. Nimeomba kuja huku na watu wa filamu kwa ajili hiyo tu, maana mwandishi hana kazi yoyote pale wenzake wanapopiga picha, isipokuwa kusumbua.

Juni 10

Watu wa filamu wameingia na masanduku yao wakajaza nyumba ya wageni. Mwongozaji ni Ruan Zhiheng, kijana wa miaka thelathini na kitu, ana nywele ndefu ambazo zimemtia Dada Qiu wasiwasi. "Huyo ana mke?" ameniuliza. "Na mke anaziona?"

Hadithi ni ile yangu ya zamani. Mtoto wa kike anashtushwa na moto, roho inamtoka, inazurura mjini na mabata wa mfereji, imesahau njia. Mama yake anatoka jioni na koti lake dogo na bakuli la mchele, anamwita kama wanavyoita huku kwetu, na mtoto anarudi. Studio walihofia kwamba huo ni ushirikina. Tukawaandikia kwamba ni urithi wa wananchi, wakaridhika.

Kitabuni mtoto anaitwa Honghong, yaani mwekundu. Ruan alisema jina hilo linanuka bango la propaganda, akataka jina la hapa hapa. Nikaandika Aling.

Aling alikuwa mdogo wangu. Alikufa kwenye matete, majira ya baridi yale ambayo wanajeshi wa Japani walichoma nusu ya mji huu. Alikuwa na miaka mitano, mimi tisa. Sikuona ubaya wowote. Mama hajalitamka jina hilo tangu siku ile, nami nilidhani limeshasahaulika.

Juni 12

Mvua za plamu, zile za kila mwaka matunda hayo yanapoiva, zimeanza. Hakuna kilichopigwa picha isipokuwa bata mmoja.

Juni 13

Mvua. Viatu vyangu vya ngozi vimeota ukungu wa kijani. Mama ameviosha na kuviweka juu ya jiko, karibu avioke. Ameniita Aju mara nyingi leo, na kila mara nimefurahi kwa siri kama mwizi.

Juni 15

Sikukuu ya mashua. Dada Qiu ametuletea wali wa kunata uliofungwa kwenye majani, wa nyama ya mafuta, na Mama amekula kwa furaha. Tulipokuwa bado mezani, ng'ambo ya mfereji mwigizaji Luo Suqin akaanza mazoezi. Yeye ndiye anayecheza kama mama wa mtoto. Ana sauti ya mwimbaji wa opera, hata mvua haikuizima.

"Aling, kama ulishtuka majini, rudi nyumbani. Aling, kama ulishtuka barabarani, rudi nyumbani."

Mama akaweka vijiti chini. "Nani anaita?"

"Waigizaji, Mama."

"Wanamwita nani?"

"Mtoto wa kwenye filamu."

Akavishika tena vijiti vyake akamaliza bakuli lote. Mimi ndiye niliyeshindwa kula.

Jikoni Dada Qiu alinivuta mkono. "Peiyun, una wazimu? Jina la marehemu linatangazwa mfereji mzima, tena saa ya jioni. Sasa huyo marehemu akisikia?"

"Wewe si ulikuwa mwenyekiti wa wanawake hapa mtaani? Unaamini mambo hayo?"

"Siamini," akasema, huku akisugua sufuria. "Lakini siyachezei."

Juni 17

Mvua inamwagika kama imelipwa. Sina la kufanya, basi niandike lile ambalo sijawahi kuliandika.

Huku kwetu mtoto akishtuka, akashikwa na homa, mama yake hangoji. Jioni ile ile husimama mlangoni na nguo ya mtoto na kumwita kwa jina lake la utotoni. Ndani ya nyumba mtu mmoja wa damu lazima aitikie kwa niaba yake, "Nimerudi." Mimi niliitwa hivyo mara mbili, mara moja kwa sababu ya mbwa, mara moja kwa sababu ya radi, na aliyeitikia alikuwa Baba.

Aling alishtushwa na moto na risasi. Tulikuwa tumejificha kwenye boti ya jirani katikati ya matete, Baba akiwa hajulikani aliko, na boti la doria la wanajeshi lilikuwa likipita karibu. Homa ilimpanda Aling. Mama alimfunika mdomo na kiganja ili asilie. Nilingoja jioni, nikijua kwamba Mama angemwita na mimi ningeitikia. Nilikuwa nimeshaliweka neno hilo tayari mdomoni. Jioni ilifika, na Mama akanigeuza uso wangu upande wa ubao wa boti na kuniambia nilale. Sikusikia kitu. Asubuhi ya pili yake Aling hakuwepo tena.

Sikuwahi kumuuliza. Katika kila kitabu changu mtoto hupotea, na katika kila kitabu huitwa, na hurudi. Wahakiki husema mimi ni mwandishi wa matumaini. Ukweli ni kwamba nimekuwa nikimsuta mama yangu kwa miaka yote hii, kwa lugha ambayo hata watoto wa darasa la tatu wanaielewa, na yeye amevipanga vitabu hivyo vyote juu ya kabati na kuvifuta vumbi.

Juni 19

Mvua. Konokono wa mtoni kwa chakula cha mchana.

Juni 21

Jioni hii Mama ameandaa bakuli tatu. Nikamuuliza la tatu ni la nani. "La anayechelewa," akasema, akalifunika na sahani lisipoe. Leo kutwa nzima ameniita "wewe".

Nimekwenda nyumba ya wageni kumwona Ruan. Nimemwambia abadilishe jina la mtoto. Alinisikiliza vizuri, akaniwekea chai, kisha akasema Luo Suqin ameshalizoea, na mdomo wake umeshaonekana ukilitamka kwenye picha tulizokwisha piga ndani ya nyumba.

"Mwalimu Gu, mbona hukusema kwamba ni jina la mtu?"

"Majina yote ni ya watu," nikamjibu kwa ukali, kwa kuwa alikuwa amesema kweli.

Juni 22

Mvua. Bakuli tatu.

Juni 24

Luo Suqin amepoteza sauti. Unyevu umemkaba koo, anaongea kwa kunong'ona kama nyoka. Ruan hakujali hata kidogo. Sauti zote huingizwa baadaye studioni, mbele ya picha zinazoonyeshwa, na kama yake haitapona watatafuta ya mtu mwingine. "Mimi nataka mdomo tu," akamwambia. "Ita, lakini usitoe sauti."

Nimerudi nyumbani nikitembea kwa wepesi kama msichana. Jina halitatajwa tena. Nikamwambia Dada Qiu kwamba mambo yamekwisha, naye akasema, "Haya," kwa namna ya mtu asiyeamini.

Juni 25

Naandika ya leo kwa mpangilio yalivyotokea.

Mchana mvua ilipungua ikawa ya rasharasha. Ruan akawaita watu wote kwenye ngazi za daraja la mawe. Mama alikuwa mtulivu tangu jana, tena asubuhi ameniita Aju na kuniambia nimwoshe nywele, basi Dada Qiu akasema haya, tumpeleke mzee akaone filamu inavyotengenezwa, atacheka. Tukamkalisha kwenye kigoda chini ya mwavuli. Nian, binti mdogo wa Hangzhou anayecheza kama mtoto, akaja kumsalimia na kumpa matunda ya yangmei kwenye kiganja. Mama akala, akapakaa wekundu kidevuni. Nilikuwa na furaha, nakiri.

Kisha wakaanza. Luo Suqin alitoka mlangoni na koti dogo jekundu begani na bakuli la mchele mkononi. Alisimama kwenye ngazi, akautazama mfereji, akafungua kinywa. Hakuna sauti iliyotoka. Midomo ikasema Aling, ikasema rudi nyumbani, shingo ikamkaza, machozi yakamtoka, na kilichosikika ni maji ya kwenye vigae na mashine ya kamera. Ni mwigizaji mzuri.

Mama alisimama. Kigoda kikaanguka nyuma yake.

"Paza sauti," akasema.

Ruan aligeuka kwa hasira, akaona ni mzee, akashusha mkono.

"Binti, paza sauti. Hivyo hatasikia." Alianza kutembea kuelekea ngazini, mimi na Dada Qiu tukamshika mikono. "Mimi nilimwita hivyo hivyo. Nilimwita kwa mdomo usiku kucha, mpaka taya likaniuma. Boti la doria lilikuwa pale, pale, ningefanyaje? Ningepaza sauti wangetuua wote, na mwingine alikuwa bado mzima. Nikaita kwa mdomo. Hakusikia. Paza sauti, mwanangu, wewe hakuna anayekuwinda."

Luo Suqin aliweka bakuli chini, akaja kupiga magoti mbele ya Mama kwenye matope, na koti la filamu likiwa bado begani mwake. Alijaribu kusema kitu na sauti haikumtoka. Mama akamwona anavyochezesha midomo bila sauti, akapiga yowe moja tu, akalegea mikononi mwetu.

Mwingine alikuwa bado mzima. Huyo ni mimi. Nilikuwa nimelala nyuma yake, uso kwenye ubao, nikimchukia kwa kukaa kimya, na yeye alikuwa akiita.

Juni 26

Mama ana homa. Daktari wa mji amesema ni uzee, ni mishipa ya kichwa, ni unyevu. Ameacha vidonge. Hasemi na mtu.

Juni 27

Mvua. Hanitambui. Nimemwambia, "Mama, ni Aju." Amenitazama kwa adabu, kama anavyomtazama mgeni wa serikali.

Juni 28

Mvua. Ruan amekuja na mwavuli na kuku mzima aliyechinjwa, hajui hata kuku hunyonyolewa vipi. Alikaa jikoni na Dada Qiu wakamnyonyoa pamoja. Nilimwona kijana wa majivuno, sasa namwona mtoto wa mtu. Baba yake alikuwa mwalimu, alichukuliwa mwaka sitini na nane, walimu walipokuwa wakisakwa, hakurudi. Alinieleza hayo huku akitoa manyoya kwenye vidole. "Nyumbani hatukuthubutu kumtaja," akasema. "Mama yangu alimpigia pasi suruali zake kila mwaka mpya." Dada Qiu akampa ubawa wa kuku.

Juni 29

Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi. Msemo huu nimeuandika vitabuni si mara moja, na ninaona aibu.

Juni 30

Homa imeshuka, mvua haijakoma. Bakuli tatu tena. Safari hii la anayechelewa ni bakuli langu la kila siku. Mimi nimewekewa lile la pembeni, la wageni.

Julai 2

Mvua imekatika. Asubuhi jua lilitoka, watu wakatandaza magodoro madirishani, na mji mzima ukanuka pamba iliyolowa. Ruan alituma neno: wanamalizia leo ile ya kuita, saa ya jioni, kwa sababu wamechelewa sana na studio inawafokea, na kama nataka, watahamia daraja lingine mbali na nyumba yetu. Nikajibu wahamie. Wakahamia. Halikusaidia kitu, kwa sababu Mama hakwenda kwao.

Ilipofika jioni nilikuwa nakata tangawizi. Nikasikia mlango wa mbele. Nilipotoka, Mama alikuwa amesimama kwenye ngazi zetu za mfereji, amevaa koti lake zuri la buluu na kuchana nywele. Begani ametundika sweta langu, kwa kuwa nguo ya mtoto haimo tena katika nyumba hii. Mkononi ana bakuli la mchele. Akaita.

Sikujua kwamba mwili ule mdogo una sauti kubwa hivyo.

"Aling. Kama ulishtuka kwa moto, rudi nyumbani. Aling. Kama ulishtuka kwa bunduki, rudi nyumbani. Wameondoka wote, Aling. Rudi nyumbani."

Akarusha mchele majini. Madirisha yakafunguka. Watu wa ng'ambo wakatoka na majembe na ndoo mikononi wakasimama tu. Watu wa filamu wakaja mbio kutoka daraja la pili, kamera begani, Nian mbele yao akiwa amevaa nguo zake za kuigizia. Mama akamwona. Akanyoosha mkono.

"Aling?"

Nian anajua mistari yake vizuri. Nilimwona akivuta pumzi kusema ule wa kwake, "Nimerudi," na Dada Qiu akamrukia, akamziba mdomo na kumvutia kwenye aproni yake.

"Mtoto wa watu haitikii jina la marehemu," akasema Dada Qiu, mwenyekiti mstaafu wa wanawake, mbele ya watu wote. Kisha akanitazama mimi. "Ni mtu wa damu. Peiyun, usisimame hapo kama nguzo."

Mama aliita tena. Sauti ilikuwa inaanza kukwaruza. Kama hakuna anayeitikia, anayeita hawezi kuacha. Ndivyo ilivyo, na kila mtu pale alijua. Angeita mpaka adondoke majini.

Nilijua nitakachopoteza. Naandika hapa ili baadaye nisije kujidanganya kwamba sikujua. Nilikuwa nimekuja kumsikia akiniita Aju walau majira haya, na nikifungua mdomo kuitikia jina lile, hilo langu nitakuwa nimelitupa mwenyewe. Nilisimama kwa muda ambao sasa naona ulikuwa mrefu.

Kisha nikaingia ndani, kama inavyotakiwa, nikasimama nyuma ya mlango, nikasema neno lililokaa mdomoni mwangu tangu nikiwa na miaka tisa.

"Nimerudi, Mama."

Alikuja. Alinifunika sweta mabegani, akanipapasa masikio, kwanza moja, kisha jingine, akanipangusa uso kwa mkono wenye unga wa mchele. "Mikono ya baridi," akasema. "Umekaa nje muda wote huu, masikini." Akanikalisha mezani na kufunua lile bakuli. Wali ulikuwa umepoa. Nilikula wote, naye akaniokotea kila punje iliyoanguka.

Julai 3

Jua. Mama amelala mpaka saa nne asubuhi. Dada Qiu anasema hajawahi kumwona akilala hivyo. Ameamka akaniita Aling, akanikata kucha.

Julai 5

Watu wa filamu wameondoka. Ruan alikuja kuaga, akabaki amesimama mlangoni akikunjakunja kofia.

"Mwalimu Gu. Jioni ile kamera ilikuwa inapiga. Mpiga picha hakuizima. Nifanye nini?"

"Sauti mliinasa?"

"Unajua hatunasi sauti."

Nikaelewa. Huko kwenye mkanda wao mama yangu anaita kwa mdomo tu, kama kule kwenye matete. Nilimwambia auache mkanda huo Shanghai mpaka nitakapokuja, na mtu yeyote asiuwekee sauti ya mwigizaji. Aliapa. Namwamini.

Julai 6

Joto. Maji ya mfereji yamepungua. Mama anaimba akifua, na ananenepa. Sikuwahi kumjua mwenye furaha, kwa hiyo inanibidi nimzoee.

Julai 8

Leo wakati wa chakula cha jioni ameweka bakuli tatu. Nilipoliona la tatu moyo uliniruka.

"Mama, la nani tena?"

"La dada yako." Alinitazama kwa mshangao. "Aju. Alikuwa amelala nyuma yangu botini, nilimgeuza uso asione. Nilikushughulikia wewe, wewe, wewe tu. Aling, wewe ulitoka kwenye matete, yeye mbona sijamwona?"

Nilisema, "Mama, ni mimi. Mimi ndiye Aju." Alinipigapiga mkono, kama anavyopigwapigwa mtoto anayesema uongo mtamu.

Kisha akachukua sweta langu kwenye kiti na bakuli la mchele, akaenda ngazini. Nilimsikia akikohoa kusafisha koo. Aliniita. Aliniita vizuri, kwa sauti yake yote, kama nilivyotaka kuitwa maisha yangu yote: "Aju, kama ulishtuka kwa kimya changu, rudi nyumbani."

Nilisimama nyuma ya mlango. "Nimerudi, Mama," nikasema. Nikasema tena kwa nguvu zaidi, nikasema mara ya tatu kwa kulia.

Mama aligeuka, akaweka kidole mdomoni.

"Nyamaza kidogo, Aling," akasema. "Acha nisikilize kama anakuja."